Nguo Iliyozunguka Kisiwa: Ngano ya Asili ya Kilwa na Hoja ya Historia

Hadithi nyingi husimuliwa juu ya asili ya miji ya pwani ya Afrika ya Mashariki, lakini hakuna iliyogombaniwa na wataalamu kupita ile ya kununuliwa kwa kisiwa cha Kilwa. Mgeni kutoka Shiraz, katika nchi ya Uajemi, awasili kwa merikebu na kukikuta kisiwa kikitawaliwa na mfalme wa bara asiyekuwa Mwislamu. Aomba auziwe. Mfalme akubali kwa sharti moja, kwamba mgeni akizungushie kisiwa chote nguo. Mgeni azitandaza, nyeupe na nyeusi na za kila rangi, mpaka kisiwa kikazungukwa. Mfalme azikusanya, avuka kwenda zake bara, na kisiwa kikawa mali ya mnunuzi.

Hadithi ya namna hii, ambayo wahakiki wa fasihi siku hizi huiita kisasili, imepata wasomaji wa namna mbili. Wa kwanza waliisoma kama cheti cha kuzaliwa. Walihesabu miaka ya masultani, wakakadiria mwaka wa kufika merikebu, na baadhi yao, katika zama za ukoloni, wakaongeza kwamba kila nyumba ya mawe iliyosimama pwani ni kazi ya akili ya wageni. Wa pili walikuja hasa baada ya uhuru, na kwa sababu ambazo ni rahisi kuzifahamu waliitupa hadithi yote: ni uzushi, walisema, wa watawala waliotaka nasaba ya heshima. Makundi haya mawili hayapendani, walakini yanashirikiana katika kosa. Yote mawili huiuliza hadithi swali moja tu, kama jambo hili lilitokea au halikutokea. Nayo hadithi, mfano wa shahidi aliyeulizwa swali lisilo lake, hujibu ovyo.

Yafaa kwanza ikumbukwe kwamba hadithi yenyewe si moja. Ziko tatu, kwa lugha tatu, na tofauti zao ni mali kubwa kwa mhakiki. Ya kwanza kuchapwa ni ya Mreno João de Barros, katika kitabu chake Décadas da Ásia cha mwaka 1552. Naye alitumia tarikhi ya wafalme wa Kilwa iliyokuwa imewafikia Wareno. Ya pili ni ya Kiarabu, Kitab al-Sulwa fi Akhbar Kilwa, ambayo nakala yake iliyoandikwa Unguja mwaka 1877 imehifadhiwa British Library, London. Ya tatu ni ya Kiswahili, iliyochapwa na Mjerumani Carl Velten mwaka 1907 katika mkusanyo wake wa nathari na mashairi ya Waswahili.

Mtungaji wa ile ya Kiarabu hakuacha jina, lakini aliacha siku yake ya kuzaliwa, nayo inaangukia mwaka 1499. Basi alikuwa mtoto wa miaka sita hivi pale Francisco de Almeida alipouvamia na kuuteka mji, Julai 1505. Jambo hili halina budi kuwekwa mbele ya macho wakati wote kitabu kinaposomwa. Neno sulwa maana yake ni faraja, kitu cha kumtuliza aliyefikwa na msiba. Kitabu kiliandikwa kwa ajili ya nyumba ya utawala iliyokuwa imeona ngome ya wageni ikijengwa mjini mwake na biashara ya dhahabu ya Sofala ikiponyoka mikononi mwake. Mtu wa hali hiyo aandikapo habari za wazee wake waliokinunua kisiwa kwa halali na kulipa thamani kamili, haandiki habari za kale tu. Yuatoa hati ya umiliki mbele ya mnyang'anyi.

Nguo ya Kilwa ina ndugu zake duniani. Elissa, ambaye Warumi walimwita Dido, alikimbia kutoka Tiro akafika pwani ya kaskazini ya Afrika, akaomba ardhi ya kadiri ya ngozi moja ya ng'ombe. Kisha akaikata ngozi ikawa ukanda mwembamba mrefu, akakizungusha kilima kizima, na hapo ndipo ilipojengwa ngome ya Carthage. Virgil aligusia habari hiyo, na Justinus akaisimulia. Katika karne ya 12 Geoffrey wa Monmouth alimpa Hengist, kiongozi wa Wasaksoni, hila hiyo hiyo ya ukanda wa ngozi alipoomba ardhi Uingereza. Wahindi nao husimulia jinsi Vishnu, katika umbo la mbilikimo Vamana, alivyomwomba mfalme Bali ardhi ya hatua tatu tu, na kwa hatua hizo akazichukua mbingu na nchi. Mtu akizipanga hadithi hizi pamoja aweza kuvutwa kusema kwamba ni moja, imesafiri, na kwamba ya Kilwa ni mwigo. Wako waliosema hivyo na kufunga vitabu vyao.

Lakini kufanana kwake ni kwa juu juu. Katika hadithi za Carthage na Hengist na Vamana, kipimo kinatajwa na mwombaji, nacho ni mtego. Mwenye ardhi hudanganywa. Katika ile ya Kilwa kipimo kinatajwa na muuzaji mwenyewe, ni kikubwa, na mnunuzi hakipunguzi hata shubiri. Hila inakuja baadaye, tena kutoka upande wa pili: mfalme wa bara akusudia kurudi na askari maji yakupwapo, awaue wageni na kukitwaa kisiwa pamoja na nguo alizokwisha kuzipokea. Wageni waonywa, wachimba kivuko, bahari yajaa isitoke tena, na mfalme asimama ng'ambo akingoja maji kupwa yasipwe. (Bahari ya Musa ilifunguka ili watu wapite, hii ya Kilwa inajifunga ili wasipite.) Hadithi imegeuzwa ndani nje. Habari za Carthage zilihifadhiwa na Wayunani na Warumi, ambao hawakuwa na sababu ya kuwasifu Wafoeniki. Za Kilwa zilihifadhiwa na nyumba ya mnunuzi. Aonekanapo msimulizi amepindua lawama kwa uangalifu kiasi hiki, ni dhahiri kwamba kulikuwa na lawama ya kupinduliwa. Palikuwa na watu, bara, waliosema kwamba kisiwa ni chao.

Suala la majina nalo ni la mwanaisimu. Ngome ya Carthage iliitwa Byrsa, na katika Kiyunani neno byrsa ni ngozi. Wataalamu wengi huona kwamba asili ya jina hilo ni neno la Kisemiti lenye maana ya ngome. Wayunani walilisikia kwa masikio yao, wakaliingiza katika lugha yao, na hadithi ya ngozi ikazaliwa kuziba pengo. Sasa hati ya Kiarabu ya Kilwa humpa sultani wa kwanza, Ali, jina la utani ambalo wahariri hulisoma Nguo Nyingi. Ni jina lililozaa hadithi, au hadithi iliyozaa jina? Hapana awezaye kukata shauri, hasa kwa kuwa herufi za Kiarabu hazina ng wala ny, na msomaji hulazimika kuzitia mwenyewe. Lakini ikiwa usomaji huo ni sahihi, basi mtu wa pwani asomaye hati hiyo hukutana na jambo la ajabu. Ndani ya kitabu cha Kiarabu, juu ya kichwa cha yule anayedaiwa kuwa Mwajemi kupita wote, limekaa jina la Kiswahili, na kivumishi chake kimepatana na nomino yake barabara, kama ambavyo mtoto yeyote wa Kilwa angesema leo.

Sehemu ya mwanzo ya hadithi, ihusuyo Shiraz yenyewe, ndiyo iliyo dhaifu kuliko zote. Twaa kisa cha ndoto. Sultani aota panya mwenye pua ya chuma akitoboa ukuta wa mji, atambua kwamba nchi itaharibika, apatana na mwanawe wagombane kwa uwongo mbele ya wakubwa ili apate kisingizio cha kuhama. Msomaji wa vitabu vya Kiarabu hawezi kukosa kumtambua panya huyu. Ni yule yule wa Maarib, katika Yemen. Kurani, katika Sura ya Saba, yataja mafuriko yaliyowafika watu wa nchi ile. Wafasiri na wanahistoria wakaongeza panya aliyelidhoofisha boma la maji, na mtawala Amr bin Amir aliyeona ishara akafanya ugomvi wa uwongo na mwanawe ili auze mali na kuondoka bila watu kushuku. Kabila nyingi za Waarabu zilieleza kutawanyika kwao kwa kisa hicho. Kwa hiyo mtungaji wa Kilwa alipohitaji kueleza kwa nini watu wa heshima waliacha mji wao, hakuenda Shiraz kutafuta habari. Alikwenda katika maktaba. Hali kadhalika wale baba na wana sita katika merikebu saba, kila moja ikishusha abiria wake mahali pake, Mombasa, Pemba, Kilwa, Anjouan: hiyo ni ramani ya miji iliyojuana na kuoana, imevikwa umbo la familia. Si orodha ya abiria.

Kwa Barros mambo ni mengine. Hapo Ali ni mtoto wa saba, mama yake ni mjakazi wa Kihabeshi, na ndugu zake, ambao mama yao ni Mwajemi wa ukoo, wanamdharau. Aondoka Hormuz na merikebu mbili tu, apita Mogadishu na Barawa, akuta huko Waislamu wa madhehebu yasiyo yake, aendelea kusini. Katika hati ya Kiarabu mama huyo hayumo. Yawezekana Barros aliongeza, lakini ni vigumu kuona faida ya Mreno katika nyongeza ya namna hiyo, ilhali faida ya nyumba ya sultani katika kumfuta mjakazi yaonekana mara moja.

Hapa ndipo ilipo kanuni ambayo wasomaji wa makundi yote mawili hawakuishika. Yale ambayo hadithi yataka yaaminiwe ndiyo yenye ushahidi mdogo. Yale iliyoyataja kwa kupita, bila kuyahitaji, au hata kwa hasara yake, ndiyo ya kuokotwa. Na hati ya Kiarabu imejaa mambo ya namna hii ya pili. Wageni waliposhuka Kilwa walimkuta nani? Walimkuta Mwislamu pamoja na jamaa zake, jina lake Muriri wa Bari, na walikuta msikiti. Hadithi iliyotungwa kumtukuza mleta dini yakiri, katika mstari wa kwanza wa habari za Kilwa, kwamba dini ilikuwapo. Jina la mtu huyo limeunganishwa kwa -a unganifu ya Kibantu, na neno bari huenda ni lile lile la Kiarabu, barr, lililotupatia bara. Tena hadithi yasema ni Muriri aliyekuwa mkalimani kati ya mgeni na mfalme. Mtunga uwongo kamili hana haja ya mkalimani. Katika ngano watu wote husikilizana. Mkalimani huingia hadithini pale tu msimulizi ajuapo kwamba biashara za namna hiyo, siku zote, zilikuwa zikifanywa kupitia kwa mtu wa katikati.

Hadithi ya Kiswahili iliyochapwa na Velten ni fupi, haina kiburi cha ile ya Kiarabu, na kwa hukumu ya haki ndiyo bora zaidi kama masimulizi. Haijali Shiraz sana. Yaanza na watu wa nchi, yaeleza nani walijenga kwanza kisiwani na nani walifuata, na mzee wa mahali ana jina, Mrimba. Nguo zimo, na bahari iliyojaa imo pia, ingawa humo haikuchimbwa kwa majembe bali ilizuiwa kwa kisomo na kafara. Lakini kiini chake ni kingine kabisa: mgeni anamwoa binti wa Mrimba. Azaliwa mtoto wa kiume, akua, aenda bara kumwona babu yake mzaa mama, na babu amwachia utawala.

Tofauti hii yataka kutazamwa vizuri, kwani ndiyo mzizi wa habari yote. Hati mbili zasimulia jambo moja kwa sheria mbili. Ile ya Kiarabu ni mkataba wa mauzo kama kadhi awezavyo kuupokea: muuzaji, mnunuzi, kitu, thamani, makabidhiano, na mkalimani ambaye pia ni shahidi. Ya Kiswahili ni sheria ya ukoo wa mama, ambayo ndiyo desturi ya watu wengi walio nyuma ya pwani ile ya kusini, Wamakua, Wayao na Wamwera, ambako haki hupita kwa mwanamke. Kwa sheria ya kwanza kisiwa ni cha sultani kwa sababu alilipa. Kwa sheria ya pili ni cha mwanawe kwa sababu ya mamaye, na sultani mwenyewe hakuwa na kitu ila ndoa. Mwandishi wa Kiarabu alimwondoa binti kwa sababu hakumhitaji. Msimulizi wa Kiswahili alimbakiza kwa sababu bila yeye hakuna haki yoyote. Wale waliouliza kama nguo zilitandazwa kweli walipita pembeni mwa ugomvi huu bila kuuona.

Ushahidi wa nje ya hadithi wasemaje? Lugha imekwisha kusema zamani. Kiswahili ni tawi la Kibantu cha Sabaki, pamoja na Kipokomo, Kimijikenda na Kikomoro, kama walivyoonyesha Derek Nurse na Thomas Hinnebusch kwa kirefu mwaka 1993. Maneno ya Kiajemi yamo, bandari na nahodha kwa mfano, lakini mengi ya aina hiyo yalikuwa maneno ya mabaharia wa bahari yote ya Hindi, na mtu aliweza kuyapata bila kumwona Mwajemi hata mmoja. Ibn Battuta, aliyefika Kilwa mwaka 1331, aliwaona wakazi wengi kuwa Wazanji weusi, na hakutaja Shiraz. Majembe ya wachimbaji nayo yamesema. Neville Chittick, aliyechimba Kilwa katika miaka ya 1950 na 1960, alidhani nasaba hiyo ya masultani ilianza mwishoni mwa karne ya 12 na kwamba ilitoka pwani ya Benadir, si Uajemi moja kwa moja. Lakini mwaka 1984 ilipatikana huko Mtambwe Mkuu, Pemba, hazina ya sarafu za fedha zaidi ya 2,000 pamoja na dinari chache za dhahabu za Wafatimi zilizosaidia kuipa tarehe. Ndani yake zilikuwamo sarafu zenye jina la Ali bin al-Hasan. Basi Ali alikuwapo, tena katika karne ya 11. Sarafu zake humtaja na kumtegemeza kwa Mungu. Shiraz hazikuitaja. Na huko Shanga, katika kisiwa cha Pate, Mark Horton alikuta chini ya msikiti mkubwa mabaki ya misikiti midogo iliyoanza tangu karne ya 8: Muriri wa Bari, kwa namna ya kusema, amefukuliwa.

Mwaka 2023 jarida la Nature lilichapa uchunguzi wa chembe za urithi za watu 80 waliozikwa kati ya mwaka 1250 na 1800 katika miji ya kale ya pwani, ikiwamo Manda, Mtwapa na Kilwa, na katika mji mmoja wa bara. Ilionekana kwamba kwa wengi wa pwani zaidi ya nusu ya urithi ni wa Kiafrika, nao ulipitia hasa kwa wanawake. Na kwamba sehemu kubwa ya ule wa Asia ilitoka kwa wanaume wa Uajemi. Kuchanganyika kulianza karibu na mwaka 1000. Magazeti yakapaza sauti kwamba tarikhi ya Kilwa imethibitishwa. Furaha hiyo ina haraka. Waliozikwa kwa mawe karibu na misikiti hawakuwa watu wote wa mji, na mifupa haisemi marehemu alijiita nani. Zaidi ya hayo, kama kuna hadithi iliyothibitishwa, si ile ya merikebu saba zilizojaa ukoo mzima wa Shiraz. Ni ile ya Velten: wanaume wachache, binti wa mwenye nchi, na mtoto aendaye kwa babu yake mzaa mama. Hilo laafikiana pia na lugha, maana mtoto wa nyumba hiyo angejifunza kusema kwa mamaye.

Wale wanaoitupa hadithi yote wana swali moja la haki, nalo ni hili: ikiwa Uajemi ulichangia wanaume wachache tu, kwa nini jina la Shiraz likadumu miaka mia tisa? Jibu lipo Unguja, Tumbatu na Pemba. Huko wavuvi na wakulima wa mashamba madogo, wasiokuwa na uhusiano wowote na korti za masultani, walijiita Washirazi, na walipojiita hivyo hawakuwa wakidai ugeni. Walikuwa wakisema kwamba wao ni wenyeji, kwamba walikuwapo kabla ya Waarabu wa Oman, na kwamba ardhi ni yao. Jina la mji wa mbali lilikuwa limegeuka kuwa jina la wenye nchi. Siku chama cha Afro-Shirazi kilipoundwa, mwaka 1957, neno hilo lilikuwa na uzito wa kura na wa ardhi, na wale waliolijadili kama suala la nasaba tu hawakuelewa kilichokuwa kikisemwa mbele yao. Mtungaji wa Kitab al-Sulwa angelielewa upesi, kwani naye alilitumia kwa kazi hiyo hiyo, dhidi ya mgeni mwingine.

Yako ambayo hati bado haijaulizwa vya kutosha. Majina ya bandari tatu za kwanza zilizoshusha abiria wa merikebu saba hayajawahi kupata maelezo yanayokubaliwa na wote, na kosa huenda liko katika nukta za mnakili wa 1877 kuliko katika jiografia. Msikiti uliokutwa na wageni waitwa Kibala, na jina hilo lastahili mwanaisimu kabla ya mchimbaji. Kisha yuko Muriri. Hati yasema alitafsiri maneno ya mnunuzi kwa muuzaji, na ya muuzaji kwa mnunuzi. Haisemi alitoka lugha ipi kwenda ipi, wala alijifunza wapi ile ya pili.